"Wewe Mama, Leta Mtoto!"

Kampala ya miaka ile ya utawala wa jeshi, ukisikia Kiswahili nyuma yako, uliganda kwanza ndipo ukageuka. Ndiyo lugha iliyotusimamisha kwenye vizuizi vya barabarani. Basi siku moja, kwenye treni ya kutoka Jinja, askari mwenye bunduki aliinuka ghafla akamnyooshea kidole mama aliyesimama mlangoni na mtoto mgongoni.

"Wewe mama! Leta mtoto!"

Mama akafungua mbeleko, akamtoa mtoto.

"Kaa hapa!"

Akaketi pale alipotoka askari.

"Sasa lala!"

Nani angekataa? Alifumba macho kwa woga, lakini kabla hatujafika Mukono alikuwa anakoroma. Askari alisimama njia nzima, bunduki bega hili, mtoto bega lile, akimpigapiga mgongoni na kumnong'oneza: "Nyamaza, afande. Nyamaza."

Tulipofika Kampala alimgusa mama begani. "Chukua. Enda nyumbani."

Mama alimtazama usoni kwa mara ya kwanza. "Webale nnyo, ssebo," akamshukuru kwa Kiluganda, taratibu, kama anayemuaga kaka yake.

Yule bwana alijifunza Kiswahili kambini, na nadhani huko hakuna aliyemfundisha neno "tafadhali". Mimi ninalo tangu utotoni, pamoja na "samahani" na "karibu". Na kiti nilikuwa nacho pia, tangu Jinja mpaka Kampala.