Poda ya Kesi Ambayo Haikuwa Imekwisha

Chekeni mmalize kabisa, maana mtaa wetu wote wa Katuba umeshanicheka, hata wanangu, na aibu yenyewe niliitafuta mwenyewe bila kubembelezwa na mtu.

Nyuma ya nyumba yangu anakaa Mama Mbuyi, mjane anayeuza unga, na toroli lake hupita kwenye kinjia kilicho pembeni ya nyumba yangu. Mimi kinjia hicho nilikitaka nimjengee mke wangu duka, nikasema ni changu, yeye akanishtaki. Hakimu akatamka kwamba ombi lake ni irrecevable, halipokelewi, kwa sababu karatasi za kiwanja bado zina jina la marehemu mumewe, na yeye hakuonyesha kwamba anawasimamia warithi. Binamu yangu Trésor (alisoma sheria mwaka mmoja, sheria ikamshinda) akaninong'oneza, “Yaya,” yaani kaka, “affaire ya kesi ilisha kwisha, hataweza kurudia.” Kwa mwanasheria mkubwa namna hiyo, nani angeuliza swali la pili?

Basi nikaamua jambo moja dogo tu: nikamtuma dada yangu akanunue poda. Mnatujua sisi, mtoto akifaulu mtihani wa serikali tunammwagia poda kichwani, nikaona baba mzima aliyeshinda kesi asinyimwe, nikamwagiwa mkebe mzima mpaka kope zikawa nyeupe, wanawake wakatandika vitenge nikanyage, tukaimba kutoka barabara kubwa hadi mlangoni, na kwa kuwa fundi mwashi naye alikuwa anacheza nasi (bahati iliyoje), kinjia kikazibwa kwa ukuta siku ileile. Mama Mbuyi alisimama na toroli lake mbele ya ukuta.

“Voisin,” akaniambia, yaani jirani, “juge alikatala karatasi yangu, hakukatala njia yangu. Nitarudia.”

Nikamcheka mbele ya watu. (Labda poda ilikuwa imeniziba masikio.)

Akaleta karatasi za warithi, akafungua kesi upya, nami nikaenda na suti yangu kumkumbusha hakimu hukumu yake, maana niliona ameisahau. Hakimu akanieleza polepole, kama anamweleza mtoto wa shule ya msingi, kwamba mara ya kwanza hakugusa kabisa habari ya njia, kwa hiyo hapakuwa na mshindi, na mabenchi yote yakacheka kabla sijakaa. Safari hii alikuja mwenyewe kukipima kinjia, akakuta ni cha wote wawili, akaamuru ukuta niuondoe.

Ghafla fundi akawa na kazi nyingi. Trésor, mwanasheria wangu, akawa na safari ya Sakania. Nikauvunja mwenyewe kwa nyundo, wanawake walewale wa vitenge wakitazama, na vumbi la saruji likanijaa nywele, kope na mdomo, nikatamani ardhi inimeze. Mama Mbuyi akaja na toroli lake, akasimama akanitazama kichwani.

“Voisin,” akasema, “leo ndio poda imekuenea muzuri.”

Akapita. Tangu hapo, hata nikishinda karata nauliza kwanza kama mchezo umekwisha kweli, na poda nyumbani kwangu ni ya matako ya mtoto tu.