Alama Kwenye Kisu cha Mama

Mama yangu na mume wangu waliishi katika kiwanja kimoja miaka mingi bila kusemezana, na hawakuwa wamegombana hata mara moja. Ndiyo heshima yenyewe. Kwetu mama mkwe na mkwe wake wa kiume hawatazamani usoni, hawali pamoja, hawapeani kitu mkono kwa mkono. Zamani jambo hilo lilikuwa rahisi, maana mama alikaa kijijini kwake huko Djugu, mume wangu alikaa Bunia, na kati yao kulikuwa na barabara ndefu yenye vumbi la kutosha. Vita ndivyo vilivyowasogeza. Mama alitufikia hapa Shari, pembeni mwa Bunia, na sufuria moja, vitenge viwili na kisu kimefungwa kiunoni. Tukampa chumba cha nyuma, karibu na jiko, na heshima yote ile ya barabara ndefu ikabidi itoshe katika uwanja ambao kuku anauvuka kwa mbio moja.

Wakajipanga wenyewe. Mama akitaka kuvuka uwanja alikohoa kwanza, mume wangu akageuza kiti. Mume wangu akirudi nyumbani aligonga bati la mlango hata kama mlango uko wazi, mama akajifunika kitenge kichwani. Maneno yao yalipita kwangu. Mimi ndiye niliyekuwa daraja, na daraja nalo huchoka.

"Ambia mwenye nyumba, bati inavuja."

"Mwambie mama, nimesikia."

Kila mmoja amesikia sauti ya mwenzake kwa masikio yake mwenyewe, lakini kabla sijayarudia maneno hayo yalikuwa bado hayajasemwa. Mama hakumwita kwa jina, wala hakumwita mkwe. Alikuwa "mwenye nyumba", basi.

Mume wangu alikuwa dereva wa lori mpaka mgongo ulipomkatalia. Mtu aliyeishi na injini ukimweka penye kimya anaugua. Alitembea uwanjani, akafungua redio zilizo nzima, akazifunga zikiwa hazisemi tena. Nilimwombea kazi kwa Mungu kila Jumapili, kwa ajili yake kidogo na kwa ajili yangu zaidi. Kisha siku moja alikwenda Nizi kuwasalimu madereva wenzake, akarudi ameipakata mashine ya kunolea ya umeme kwenye pikipiki kama mtoto anayepelekwa hospitali. Huko ilikuwa inanoa patasi za wachimba dhahabu. Mota iko katikati, na kila upande jiwe la duara, moja la kukwaruza na moja laini. Akaifunga kwa bolti juu ya meza chini ya upenu, akaweka kopo la maji pembeni, akavaa miwani yake ya zamani ya pikipiki, akakaa kuungoja umeme.

Hapa kwetu umeme huja unapotaka. Ulipokuja, mashine ilinguruma, taa ya jirani ikafifia, redio ya ng'ambo ya njia ikapunguza sauti, na mume wangu akacheka peke yake kama mtu aliyekutana na rafiki. Alianza na visu vyangu. Kisu cha kwanza alikibana sana kwenye jiwe mpaka makali yakageuka rangi ya bluu, na siku ya pili kikakunjika kwenye boga. Akajifunza. Chuma ukikipasha moto kinakuwa laini, kwa hiyo unagusa tu, unavuta kutoka mpini kwenda ncha, unachovya majini, unarudia. Baadaye unalipitisha jiwe la mkono ili kuondoa ule ukingo mdogo unaokwaruza kidole. Kisha alijaribu makali kwenye jani la mgomba lililoning'inia. Likikatika bila kutikisika, kisu kimekubali.

Mwenye kisu kikali ndiye mla nyama, na hakuna mwanamke asiyejua hivyo. Mtaa mzima ulikuja. Visu vya kukatia majani ya sombe, visu vya bucha, mapanga, hata mkasi wa fundi cherehani. Nilinung'unika juu ya kelele na cheche, lakini ukweli nilifurahi. Mume wangu alikuwa amepata kazi, nami nimepata usingizi.

Mama peke yake ndiye hakuleta kisu chake. Alikinoa kwenye jiwe la mlangoni, asubuhi, kwa mate na subira. "Ile mashini inakula kisu," alisema. Sikumbishia, kwa sababu nilikijua kisu chenyewe.

Lazima nieleze mambo ya alama. Kwetu mtu akifa, wanawake wa mtaa huenda kwenye matanga na sufuria zao na visu vyao, wakapikia waombolezaji mpaka siku ya kutawanyika. Visu vinachanganyika kwenye beseni moja. Kwa hiyo kila mwanamke ana alama yake: huyu uzi mwekundu kwenye mpini, yule rangi ya kucha, mwingine herufi zilizochorwa kwa msumari. Usipokuwa na alama utarudi nyumbani na kisu cha mtu, au bila kisu. Alama ya mama iliwekwa na baba, walipokuwa bado vijana. Aliigonga kwa msumari na nyundo kwenye chuma, karibu na mpini: nukta tatu na mstari mfupi chini yake. Nukta ya tatu ilikwenda upande. Mama anasema ni kwa sababu baba alikuwa anacheka.

Picha za baba hatuna, ziliungua na nyumba. Kaburi lake liko mahali ambapo sasa hatuwezi kwenda. Nukta tatu na mstari, hivyo tu ndivyo tulivyokuwa navyo vya mkono wake.

Mwishowe ni kifundo cha mkono wa mama kilichomshinda. Kilivimba, akawa hawezi kusukuma kisu juu ya jiwe. Nilimwona akikata sombe kwa kisu butu, anakandamiza kama anayefua nguo, na machozi ya uchungu yanamtoka. Nikamwomba kisu. Akanipa, shingo upande. Tangu hapo ukawa utaratibu: mama ananipa mimi, mimi nampa mume wangu na kusimama kando yake nikisema, "Makali tu, huku juu usiguse," bila kumweleza kwa nini, kisha nakirudisha. Kisu kilikuwa kinakata vizuri, na mama alianza tena kupika, hata akaimba. Hakusema asante. Lakini sahani ya mwenye nyumba ilianza kuja na kipande kikubwa cha samaki, nami nikajua kusoma.

Basi siku moja nilikwenda Nyankunde kumwona mke wa kaka yangu aliyekuwa amejifungua. Nilipokuwa huko, mzee mmoja wa mtaa wetu alifariki, wanawake wakaanza kukusanya visu. Mama alitaka chake kiwe kikali. Daraja halikuwapo. Akakohoa, akakiweka kisu juu ya benchi ya upenu, akarudi chumbani kwake.

Mume wangu alikuwa amepata kitu kipya: brashi ya waya ya duara, inayofungwa mahali pa jiwe, ya kung'arishia chuma. Alikitazama kisu cha mama mkwe wake. Kwa mara ya kwanza kilikuja kwake bila mimi kusimama hapo na mdomo wangu. Kilikuwa cheusi karibu na mpini, kutu imekaa kwenye vishimo. Kuuliza si ujinga, watu husema, lakini angemuuliza nani? Angepiga kelele kuelekea chumba cha mama mkwe? Bora afe. Lile katazo langu alidhani ni la jiwe tu, akaona amfurahishe. Akanoa, akasugua, akasugua tena, upande huu na upande ule, mpaka kisu kikawa kama kioo. Akakifunga kwenye gazeti, akakirudisha juu ya benchi, akaenda kuoga.

Nilirudi jioni. Alinipokea mlangoni akitabasamu. "Umeona kisu ya mama? Inaangaza!"

Nilikwenda nyuma. Mama alikuwa amekaa kwenye kigoda, kisu mapajani, anapitisha kidole gumba karibu na mpini, mbele na nyuma.

"Hii kisu ni ya nani?" aliniuliza.

"Ni yako, mama."

"Hapana. Yangu iko na alama."

Niliinama kutazama, nikapapasa mwenyewe. Hakukuwa na kitu. Chuma kilikuwa laini kabisa, na kwenye chuma kile niliuona uso wangu.

Hakulia, hakupaza sauti. Afadhali angepaza. Kwenye matanga alikwenda bila kisu, akamenya ndizi kwa kisu cha kuazima. Uwanjani tukaacha kusikia kikohozi chake, maana alikuwa hapiti tena. Alizunguka nje, nyuma ya ua, kwenye matope, na kifundo chake kile na miguu yake ile, ili asipite mbele ya mashine. Kisha nikaona vitenge vyake vimefungwa furushi.

"Nitaenda kwa kaka yako," alisema. "Nimemuita akuje na pikipiki. Hapa vitu vinaliwa."

Nilipomweleza mume wangu, alikaa chini kwenye sementi. "Mi nilifikiri ni kutu," alisema. Baadaye kidogo akasema tena, polepole, "Nimefuta muzee, baba yako." Sahani yake ilirudi ilivyokwenda, na mashine ikafunikwa gunia ingawa umeme ulikuwapo. Nami nilikuwa na hasira na wote wawili. Hasira na yule aliyesugua, na yule asiyesema, na heshima yetu hii nzuri inayowafanya watu wawili wanaopendana wazungukane kama mwivi na mbwa. Na niliogopa. Mama akiondoka hivyo, mume wangu angeitwa mtu aliyemfukuza mama mkwe wake, na mimi ningebaki na nyumba yenye chumba kitupu nyuma.

Mume wangu alifanya kama desturi inavyotaka: alimtuma mama jirani ampelekee mama kuku jike, mweupe, wa kuomba radhi. Mama alimpokea. Kukataa kungekuwa tusi. Lakini alimfunga mguu kwenye nguzo ya upenu akamwacha hapo.

"Hutamuchinja?" nilimuuliza.

"Nitamuchinja na kisu gani?"

Siku iliyotangulia kuja kwa kaka, mwenye bucha alileta visu vyake na hakutaka kusikia habari za huzuni. Mume wangu akatoa gunia, akawasha mashine. Mimi nilikuwa mlangoni nachambua maharage. Kisu cha pili kilikuwa bado mkononi mwake umeme ulipokatika. Jiwe liliendelea kuzunguka lenyewe, likapunguza, likapunguza, likasimama. Katika kimya kile tukasikia kikohozi.

Mume wangu aligeuza kiti. Mama alitoka chumbani amejifunika, akavuka uwanja katikati, akakaa kwenye benchi, mgongo kwa mume wangu, uso kwa kuku. Pembeni yake aliweka kisu, msumari na nyundo.

"Weye kuku," alisema, "ambia mwenye nyumba, hii kisu haina mwenyewe. Ikienda kwa matanga, itapotea."

Nilifungua mdomo nirudie, kwa mazoea. Mama aliinua mkono, nikaufunga.

Mume wangu alinitazama, akamtazama kuku. "Kuku," alisema, "sema na mama, nitapiga ileile. Tatu na mustari. Nitafanya polepole."

"Kuku, mwambie hapana. Ile ilikuwa ya mwenyewe, na mwenyewe ameenda nayo. Huyu apige yake."

Mimi maharage yangu yalimwagika, sikuyaokota. Mume wangu alinyoosha mkono akachukua kisu juu ya benchi, kutoka pale karibu na kitenge cha mama, karibu kuliko alivyowahi kufika. Mtu huyu alishusha lori lililojaa mbao milimani, kwenye mvua, na mkono wake ukatulia. Sasa alifuta kiganja kwenye suruali kwanza. Alikilaza kisu juu ya chuma cha mezani, akasimamisha msumari karibu na mpini, akagonga. Aligonga nukta kwa duara, kama gurudumu, au kama jiwe la mashine, sijui, sikumuuliza. Nukta ya mwisho ilikwenda upande. Yeye hakuwa anacheka.

Akakirudisha juu ya benchi. Mama alikichukua, akapitisha kidole gumba, mbele na nyuma, mpaka kikaifikia nukta ile iliyopotoka, kikatulia hapo. Kisha akamfungua kuku mguu, akaenda naye jikoni. Kaka alipofika kesho yake alikula mchuzi, akasifu chumvi, akarudi Nyankunde peke yake.

Heshima haikuvunjika. Mama bado anakohoa, kiti bado kinageuzwa, na mimi bado ni daraja. Brashi ya waya mume wangu aliitupa chooni, ingawa nilimwambia ingefaa kusugua sufuria. Ila juzi tulikuwa kwenye matanga mengine, hapa hapa Shari, siku ya kutawanyika. Mwanamke mmoja mgeni aliinua kisu kutoka kwenye beseni, akakigeuza geuza kwenye mwanga.

"Hii ya gurudumu ni ya nani?"

"Lete, ni yangu," mama alisema, akiwa bado anapangusa mikono. "Mutoto wangu ndiye alinipigia hiyo alama."

Nilikuwa nasugua sufuria, nikainamisha kichwa zaidi ndani yake ili wanawake wasinione. Nilitembea nalo neno lile mpaka nyumbani, nikamkuta mume wangu chini ya upenu anangoja umeme, nikampa. Lilikuwa la kwanza la mama ambalo nilimpelekea bila kutumwa.