Gauni la Kuficha Bastola

Kiwanda cha nguo nilichofanyia kazi Thika kilipopunguza watu, nilikuwa mmoja wa wanawake walioondolewa. Nilichukua cherehani yangu ya kukanyaga, nikakodisha kibaraza karibu na soko, nikaanza kushona. Kazi haikuwa nyingi. Miaka hiyo ya tisini mitumba ilikuwa imejaa mji mzima, na mtu akipata gauni zuri kwa bei ya vifungo, atamtafuta fundi wa nini? Nilishona sare za shule na kupunguza suruali.

Asubuhi moja akaja mama Mwislamu, mnene, ambaye ungesikia kicheko chake kabla hujamwona. Nilimjua kwa sura tu. Alikuwa mjane mwenye duka la vifaa vya ujenzi Thika na lingine Ruiru, na mwenyewe ndiye aliyeendesha pikapu yake kati ya miji hiyo miwili. Aliingia nyuma ya pazia la wateja kujaribia nguo, akaniita.

"Fundi, binti yangu anaolewa. Nataka gauni la kucheza."

"Hakuna shida, Mama. Kitambaa umekuja nacho?"

"Ninacho. Na hii pia ninayo."

Akainua mtandio. Kiunoni kulikuwa na bastola. Nilirudi nyuma nikagonga cherehani.

"Haiya, usiogope! Risasi nimezitoa nikiwa kwa gari. Leseni hii hapa."

Ilikuwa ndogo, nyeusi, bapa, haizidi sana kiganja chake. Akanieleza huku akicheka. Ile aliyonunua kwanza ilikuwa kubwa, na siku ya kujifunza ilimpiga teke la mkono hata jioni akashindwa kuinua kikombe cha chai. Akairudisha kwenye duka la silaha. Muuzaji akamtolea hii ndogo, akamwambia zinakuja za aina mbili: moja inatumia risasi kali, nyingine risasi ya upole.

"Akaniambia, 'Lakini hiyo ya upole ni ya akina mama wazee wenye mikono mibovu.' Nikamwambia, ndiye mimi huyo, funga!"

Shida yake ilikuwa harusi. Sheria ilimtaka awe nayo mwilini au aifungie kwenye sefu. Sefu ya dukani wezi walikuwa wameibeba nzima mwaka uliopita, na nyumbani Ruiru wageni wangelala mpaka jikoni.

"Si usicheze basi, Mama?" nikamwambia.

Alinitazama kama niliyemtukana. "Nimlee msichana huyu peke yangu tangu akiwa wa kubebwa mgongoni, halafu siku yake nikae kwa kiti kama mgonjwa?"

Nikachukua vipimo. Bastola sikutaka iachwe kwangu, naye hakuwa na mpango wa kuiacha. Nilinunua kipande cha sabuni ya kufulia, nikakichonga kwa kisu huku nikikilinganisha na bastola mezani, mpaka vikafanana kwa upana na unene. Sabuni hiyo ndiyo niliyotumia kupimia mfuko badala ya bastola.

Jaribio la kwanza niliweka mfuko kiunoni kwa nyuma. Akiinama, sabuni inajichora yote mgongoni. Jaribio la pili niliuweka chini ya kwapa. Akaniambia nimpigie makofi, akaanza kucheza pale nyuma ya pazia, mabega yanapanda yanashuka. Alipotupa mikono juu, sabuni ilichomoka, ikaruka juu ya pazia, ikaangukia kwenye rundo la parachichi la jirani yangu.

"Ngai! Nani anarusha sabuni?" jirani akapiga kelele.

Mama alikaa sakafuni akacheka mpaka machozi yakamtoka. Mimi pia nilishindwa kusimama. Sikuwa nimecheka hivyo tangu nitoke kiwandani.

Mara ya tatu nilishona mshipi mpana wa turubai laini, wa kufunga tumbo lote, wenye mfuko ubavuni. Ndani ya mfuko niliweka ngozi ngumu niliyoipata kwa fundi viatu, ili kitu chochote kisifikie kifyatulio, na juu kifuniko cha vifungo viwili. Juu ya mshipi likaja gauni la kijani lenye marinda. Alicheza, akainama, akaruka. Sabuni haikusogea.

"Bismillahi, sasa niivae bastola yenyewe," akasema, akaitoa mkobani mwake.

Harusini Ruiru nilialikwa kama mtu wa nyumbani. Baada ya nikaha wanawake walijazana chini ya hema nyuma ya nyumba, ngoma ikaanza, na mama yule akaingia katikati. Mimi sikula. Macho yangu yalikuwa kwenye ubavu wake wa kulia tu. Alizunguka, akatikisa mabega, akamvuta binti yake wakacheza wakitazamana, wote wawili wanalia na kucheka. Ubavu ulitulia.

Ndipo mama wa bwana harusi akaja kumkumbatia. Alimbana kwa nguvu, kisha akasimama ghafla.

"Mwenzangu, una nini hapa? Ni pagumu kama ubao!"

Nilinyanyuka kitini.

"Ni mshipi," akajibu bila kupepesa. "Fundi wangu amenibana tumbo nionekane msichana. Yule pale."

Mama wa bwana harusi alimtazama juu mpaka chini, kiuno kile kilichonyooka ndani ya gauni la kijani. Akanijia mbio.

"Na mimi nataka huo! Nipime sasa hivi!"

Nilimpima palepale kwa kamba ya hema, maana tepu nilikuwa nimeiacha Thika. Nyuma yake wakasimama dada zake, na shangazi mmoja kutoka Kalimoni. Wote walitaka mshipi wa tumbo.

Miezi iliyofuata nilishona mishipi mpaka nikamwita rafiki yangu tuliyepunguzwa naye kiwandani aje tusaidiane. Siku moja mama yule alipopita kutusalimia, nilimuuliza kwa sauti ndogo kama niwaambie wateja mshipi ule ulianza vipi.

"Kwani wamekuuliza?" akasema. Akavuta kigoda, akamega chapati yetu, akatusimulia habari za binti yake: ana mimba, na mama mkwe wake anampikia kila kitu anachotamani.