Kigugumizi cha Fundi Haji

Siku ambayo sijaisahau, mwanangu, ni ile niliyojiona kwenye televisheni. Ilikuwa katikati ya miaka ya themanini. Nilikuwa kijana wa Kikwajuni, mchukuzi wa mizigo bandarini Malindi, na jioni nikiigiza michezo ya televisheni. Sikupata kuwa bwana harusi wala shujaa. Sura yangu haikuwa ya kazi hiyo. Nilipewa wazee, walevi, washenga, watu wa kuingia, kuchekesha na kutoka. Na niliwaweza, kwa sababu niliwaokota mitaani.

Mara hiyo nilikuwa mshenga. Nikampa kigugumizi cha Fundi Haji, jirani yetu mtengeneza saa, ambaye neno likimkwama hujipiga paja mpaka litoke. Nilimchukua mzima mzima, na kofia yake ya upande.

Tuliutazama mchezo kwa jirani mwenye televisheni, chumba kimejaa. Fundi alikaa karibu na mlango. Nilipotokea, watu walicheka hadi machozi, na yeye akacheka. Kisha yule mshenga akajipiga paja, na watu wote wakageuka kumtazama Fundi. Akavaa viatu vyake, akaondoka.

Mzaha mzaha, hutumbua usaha. Mtaa mzima ukawa unajipiga paja. Fundi akaacha kusema. Hata mkate dukani aliununua kwa kidole.

Shangazi yangu Bi. Zuwena, aliyenilea, aliniita.

"Naam, shangazi."

"Umeiba, Saidi."

"Nimeiba nini?"

"Sauti ya mtu. Mwizi wa kuku humrejesha kuku. Wewe utarejesha nini?"

Kesho yake nilikwenda kwa Fundi, nikamwamkia, "Shikamoo." Akatikisa kichwa tu. Nikamwomba radhi. Alishughulika na saa yake kitambo kirefu, ndipo akajipiga paja.

"Mimi n-nshakusamehe. Mwambie na yule wa t-televisheni anyamaze."

Nilikwenda kumsihi mtayarishaji asiurudie mchezo ule. Akanicheka. "Ndio unaopendwa kuliko yote," akasema. Ukarudiwa sikukuu mbili. Maji yakimwagika hayazoleki.

Nikaapa kutomwiga mtu tena. Mchezo uliofuata nilijitungia mzee wangu mwenyewe, akatoka mkavu kama ubao. Hapo ndipo nilipojua kwamba kile nilichokiita kipaji changu kilikuwa mali za watu. Haukupita mwaka, hakuna aliyeniita tena, nami sikulalamika. Fundi alianza kuzungumza nami polepole, maneno mawili matatu, lakini barazani hakukaa tena mpaka alipofariki.

Mwanangu, sikukatazi kuchekesha. Kicheko ni neema. Lakini mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu: kabla hujaichukua sura ya mtu, mwombe, na akikataa iache, hata kama mji mzima ungekusifu. Ukishakosa, nenda ukaombe radhi mapema, ujue tu kwamba kusamehewa hakufuti kilichokwisha kuonwa. Mungu akupe ulimi wenye haya, na akujaalie watu wakae karibu nawe wakizungumza bila hofu.