Picha Mbili za Mama

Juzi niliona stereoskopu, kile kifaa cha lenzi mbili kinachofanya picha ionekane imeinuka, shuleni kwa binti yangu, nikakumbuka alasiri moja kule Boito. Shangazi, aliyekuwa mwalimu wa jiografia, aliweka picha mbili zilizopigwa kutoka angani chini ya lenzi, na vilima vya majani chai vikainuka.

"Jina ni la Kigiriki," aliniambia. "Stereos ni kitu kigumu, kitu unaweza kushika. Skopeo ni kutazama."

Tulikuwa tumemzika Mama wiki hiyo. Sweta yake niliyovaa bado ilinukia chai mbichi. Shangazi alipoenda jikoni, nilichukua picha mbili za Mama za pasipoti, nikaziweka pale, nikangoja ainuke. Sikujua kwamba picha lazima zipigwe kutoka pande mbili. Zake zilikuwa picha moja, iliyosafishwa mara mbili.

"Unatafuta nini hapo?" Shangazi aliuliza aliporudi.

"Mahali pa kumshika."