Mitamba Wanane na Nyumba Moja

Nilipata B ya hesabu kwenye mtihani wa kidato cha nne. Naanza na hilo ili mtu asije akanihurumia kwamba tuliingia kwenye mkataba wa nyumba kwa sababu hatukusoma. Tulisoma. Mume wangu ana diploma na kazi ya kaunti, meza yake na kiti chake cha kuzunguka. Mimi nina cheti changu kwenye faili. Kile kilichotupata kilitupata na vyeti vyetu.

Kwetu mtoto akizaliwa na kitovu kikaanguka, baba yake au babu yake anamtolea ndama jike. Anaitwa ng'ombe wa kitovu. Huyo ndama si zawadi ya siku moja. Akikua akazaa, uzao wake ni wa mtoto, na uzao wa uzao wake ni wa mtoto, hata mtoto akiwa hajui kutembea. Mimi nilitolewa ndama mwekundu pale Kotile, kijijini kwetu. Nilipoolewa nikaja kukaa Garissa, yule mwekundu alikuwa ameshakufa, lakini alikuwa ameacha uzao mzuri: mitamba wanane ambao hawajazaa bado, wote wangu. Baba yangu aliwachunga bila kunidai hata shilingi.

Nikawauza wanane wote kununua nyumba.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya milioni tatu na laki mbili. Vyumba vitatu, choo ndani, tangi la maji juu. Tulikuwa tumechoka kuhamahama mjini. Kila mwenye nyumba akimwona mpangaji ana mtoto mchanga anakumbuka kupandisha kodi. Benki ilitaka dipositi ya laki sita na elfu arobaini. Nusu ilitoka kwa akiba ya mume wangu. Nusu ya pili ilitoka sokoni, elfu arobaini kila mtamba.

Siku ya kuweka sahihi shangazi ya mume wangu alikuja nasi. Eedo, kama tunavyomwita shangazi, ni mama wa msikiti, na alikuja kwa kazi moja tu: kuhakikisha hakuna riba. Afisa alikuwa kijana mpole mwenye ndevu za hina.

"Kuna riba hapa?" Eedo akauliza.

"Hakuna, hooyo, mama yangu. Huu ni ushirika. Sisi na wao tunanunua nyumba pamoja. Wao wananunua fungu letu kidogo kidogo mpaka iwe yao."

"Apa."

"Wallahi, hooyo, hakuna riba."

Aliuliza mara tatu, na mara ya tatu akaugeukia ukuta kama anamwita shahidi mwingine. Kisha akatuambia, "Bismillah. Wekeni sahihi." Mimi nilitakiwa kuweka sahihi kama mke, kuonyesha nimekubali. Nilikuwa na binti yangu titini. Nikashika kalamu kwa mkono wa kushoto, nikaandika kitu kinachofanana na jina langu, kurasa kumi na kitu, kila ukurasa chini kulia.

Hilo ndilo kosa letu, na nalisema bila kuzungukazunguka. Tuliogopa riba mpaka tukasahau kuuliza bei. Kwetu sisi, mtu akishasema halali, mambo yameisha. Hakuna aliyeuliza: sasa hii nyumba ya milioni tatu na laki mbili, tukimaliza, tutakuwa tumeitolea ngapi? Afisa hakudanganya. Hakuulizwa.

Tukalipa elfu thelathini kila mwezi kwa miaka mitano. Mshahara ukiingia, benki inakata kwanza, sisi tunakula kilichobaki. Mimi nikaanza kuuza madira na mitandio barazani ili tupate mboga. Nilijinyima mambo ambayo siwezi hata kuyataja. Nilikuwa nikijiambia, kila mwezi tofali zetu zinaongezeka. Nilikuwa nikitembea sebuleni nikisema moyoni, hapa mpaka mlangoni ni petu tayari, hapo jikoni bado.

Halafu mishahara ya kaunti ikachelewa. Mwezi wa kwanza tukavumilia. Wa pili tukakopa unga. Wa tatu benki ikaanza kupiga simu, kwanza kwa adabu, baadaye bila adabu. Tulikuwa nyuma elfu tisini.

Mume wangu akanijia jikoni. "Naaya," akaniita, kama waume wa kwetu wanavyowaita wake zao, "wale ng'ombe wa mtoto."

Nikajua kabla hajamaliza. Binti yetu alipozaliwa baba yangu alimtolea naye ndama wake wa kitovu. Wakati tunauza wangu, huyo alikuwa mdogo mno, hakuna ambaye angemnunua. Sasa alikuwa ng'ombe mzima, na mtamba wake, na ndama wa pili aliyeachishwa ziwa.

"Watatu," akasema. "Ni kiangazi, wamekonda, lakini hata elfu thelathini kila mmoja, tunaziba shimo. Tukipata tunamnunulia wengine."

"Tutapata lini?"

"Tumebakisha kidogo. Tusishindwe mwishoni."

Na mimi niliamini hivyo hivyo. Elfu thelathini mara miezi sitini ni milioni moja na laki nane. Tulichukua milioni mbili na laki tano na sitini. Toa. Inabaki laki saba na elfu sitini. Hesabu ya darasa la tano. Nikasema kabla sijagusa mali ya mtoto nitaenda benki kupata hiyo namba kwa maandishi, nikaionyeshe Kotile, ili baba yangu aone tuko karibu kufika.

Yule wa ndevu za hina alikuwa ameshahamishwa. Nikamkuta mama mmoja wa bara, mnene, mwenye miwani, aliyenipa kiti na maji. Akabonyeza kompyuta, akasema, "Deni la ushirika, milioni mbili na laki tatu na sabini."

"Hapana," nikamwambia. "Hiyo ni ya mtu mwingine."

Akasoma jina la mume wangu. Akasoma namba ya nyumba.

"Mama, tumelipa milioni moja na laki nane!"

"Ndiyo, mmelipa vizuri sana, miezi hii mitatu tu ndiyo imewasumbua." Akanigeuzia kioo. "Tazama mwezi wa kwanza. Elfu thelathini. Hii elfu ishirini na saba na mia saba ni kodi ya fungu la benki, kwa sababu mnaishi kwenye fungu letu. Elfu mbili na mia tatu ndiyo mliyonunulia. Fungu letu likipungua, kodi nayo inapungua. Lakini mwanzoni inapungua polepole."

"Kwa hiyo kwa miaka mitano tumenunua nini?"

Akashusha chini kwa kidole. "Laki moja na elfu tisini."

Nilimwuliza swali ambalo Eedo alipaswa kuuliza, na mume wangu, na mimi, siku ile. Tukimaliza, jumla ni ngapi? Akaniambia mkataba ni wa miaka ishirini, jumla milioni saba na laki mbili. Na dipositi yenu juu yake. Akasema ilikuwa kwenye mkataba tangu siku ya kwanza, ukurasa wa tisa, jedwali lote. Hakusema kwa ubaya. Alisema kama daktari. Akanitolea mkataba kwenye faili, nikaangalia chini ya ukurasa huo kulia, nikaona ule mwandiko wangu wa mkono wa kushoto.

Nilitaka kumtukana. Sikupata tusi linalomfaa. Nilikunywa maji yake nikaondoka, na njiani nikawa nalia kwa hasira mpaka mwendesha tuktuk akaniuliza kama nimefiwa.

Nyumbani nikamwambia mume wangu. Aliniangalia kana kwamba ni mimi niliyeandika ule ukurasa wa tisa.

"Sasa ndiyo tuuze haraka," akasema. "Tukiachia hapa tutakuwa tumepoteza milioni zote hizo."

"Zimeshapotea! Ulitaka tuzitafute na ng'ombe wa mtoto?"

"Hii nyumba ni yake pia. Atalala kwenye ng'ombe?"

Tulipiga kelele mpaka jirani akazima redio yake ili asikie vizuri. Mwisho nikasema nitaenda kuwaleta. Nilikuwa nimechoka kubishana, na maneno yake hayakuwa ya kijinga. Nikamchukua binti yangu, shule ilikuwa imefungwa, tukashuka Kotile.

Tulimkuta baba yangu birikani akinywesha ng'ombe. Nilimweleza yote, sikuficha kitu. Ni mtu ambaye hakuingia darasani hata siku moja. Alisikiliza huku akisukuma vichwa vya ng'ombe waliotaka kunywa mara mbili.

"Aabo," akaniambia, kama wazee wetu wanavyomwita mtoto kwa jina la baba, "mwenye nyumba ni nani?"

"Sisi na benki."

"Fungu kubwa la nani?"

"La benki."

"Na paa likivuja, nani anapanda juu?"

"Sisi."

Akacheka mpaka akakohoa. "Basi mnamchungia mtu ng'ombe wake. Maziwa mnampelekea yote, ng'ombe akiugua mnatibu ninyi, na yeye kila mwezi anawauzia kipande. Miaka mitano! Mmeshanunua nini? Mkia?"

"Aabo, usinicheke."

"Sikucheki wewe." Kisha akaanza kunihesabia wale wanane wangu niliouza, mmoja mmoja, kwa rangi zao. Yule wa madoa angezaa mwaka ule ule, tumbo lake lilikuwa tayari. Yule mwenye pembe moja alikuwa wa ukoo wa kuzaa majike. Akaondoa ambao ukame ungewaua. Akaondoa madume. Hakuwa na haraka, alikuwa mkweli katika kuondoa kuliko mtu yeyote aliyewahi kunifanyia hesabu. "Ungekuwa na majike kumi na watano leo," akasema. "Sikukwambia siku ile kwa sababu ulikuwa na furaha. Nilifanya vibaya."

Hapo ndipo nilipoelewa bei yenyewe, na haikuwa ile milioni saba. Lile jedwali la benki halikuwa na safu ya vitu ambavyo havikuzaliwa.

"Hawa watatu nitakukabidhi," akaendelea. "Si wangu, siwezi kukunyima. Lakini si wako pia. Mwambie mwenyewe."

Nilimchukia baba yangu wakati ule. Mtoto wa miaka sita! Lakini alishamwita, na binti yangu akaja na miguu ya matope, akasimama.

"Tunataka kuuza ng'ombe wako," nikamwambia. "Tulipie nyumba."

"Wote?"

"Wote."

Akamtazama babu yake, akanitazama mimi. Akaenda akamshika mbavu yule mkubwa, akauliza, "Na aliye tumboni?" Mimi sikujua hata kama ana mimba. "Yeye pia anaenda? Au huyo mtaniachia akishazaliwa?"

Nilikuwa nimekuja na maelezo ya kumwambia babu, si ya kumwambia mtoto ambaye tayari alikuwa amehesabu wanne. Nilikaa pale siku mbili nikijaribu kuyapanga hayo maelezo, yakanishinda. Nikarudi Garissa bila ng'ombe, nikamwambia mume wangu tuirudishe nyumba.

Hakunipigia kelele. Ningependa angepiga. Alitoka nje akakaa barazani na viatu vyake mkononi.

Benki ilikubali tuiuze wenyewe kabla haijapelekwa mnadani. Tukaiuza kwa haraka, milioni mbili na laki tisa, kwa sababu kila aliyekuja alijua tuna haraka. Fungu la benki likatoka kwanza, na malimbikizo, na ada zao, na wakili. Tukabakiwa na laki tatu na hamsini. Eedo alisema ni kadari. Nilimwambia, Eedo, kadari haina ukurasa wa tisa, akaacha kuja kwetu kwa miezi miwili.

Sasa tumepanga vyumba viwili upande wa pili wa mji. Mishahara imerudi. Yule mkubwa amezaa, dume. Baba yangu alicheka kwenye simu, akasema haidhuru. Watu wananiambia nilifanya jambo la busara, na mimi nawaambia wanyamaze, kwa sababu hawajamwona mume wangu anavyotembea. Alikuwa anatembea kama mtu mwenye nyumba. Salamu zake zilikuwa ndefu. Sasa anapita karibu na ukuta.

Wiki iliyopita alichelewa kutoka kazini. Akaniambia kwamba alikuwa akizungumza na mtu kwa simu, akageuka, miguu ikampeleka kwenye nyumba yetu ya zamani. Alifika mpaka getini, akasukuma. Msichana mdogo akatoka, akamwuliza anamtaka nani.

"Ukasema nini?" nikamwuliza.

"Nikasema nimekosea nyumba."

Nilitaka kumwambia pole. Lakini ananijua, angeniuliza pole ya nini, na ningelazimika kumjibu kwamba kesho nikirudishwa pale birikani nitafanya vile vile. Kwa hiyo tukakaa, yeye na chai yake inapoa, mimi nikikunja madira ya watu.