Ambreyaje ya Esperance

Pale Shively, pembeni mwa Louisville, jimbo la Kentucky huko Marekani, majirani walijua kwa mlio wa gari kwamba Esperance anarudi kutoka kazini kabla hawajamwona. Gari lake dogo la Kijapani, la rangi ya chai ya maziwa, lilikuwa la gia za mkono, na kwenye ua wote wa zile nyumba za kupanga hapakuwa na lingine la namna hiyo. Alilinunua kwa mzee mmoja wa mtaa uleule ambaye mguu wake wa kushoto ulikuwa umechoka kukanyaga. Binti yake Chimène, mwanafunzi wa sekondari, aliona aibu kushushwa nalo mbele ya shule.

"Magari ya watu yana pedali mbili tu, Mama," alilalamika siku moja kwa Kiingereza chake cha Kentucky.

"Kila mutu iko na miguu mbili, na moja inalala bure," Esperance akamjibu kwa Kiswahili cha Bukavu. "Yangu yote inatumika."

Ujuzi huo alitoka nao mbali. Usichanani mwake aliendesha pikapu ya mjomba wake, akipeleka makasha ya soda kwenye maduka ya Kadutu, mtaa wa vilima wa Bukavu, mashariki mwa Congo, na aliyejifunza kuwasha gari katika miteremko ya Kadutu, huku soda zikigongana mgongoni, haogopi kilima cha nchi yoyote. Vita vikamkatisha. Akaishi kambini Nakivale, Uganda, miaka ambayo hakugusa usukani hata mara moja, kisha akaja Amerika na mumewe Birindwa na mtoto. Mama yake mzazi, M'Bagula, akabaki kambini kwa sababu jina lake lilikuwa bado halijaitwa kwenye orodha ya wanaosafirishwa Amerika.

Mwaka 2015, mwanzoni mwa kiangazi, jina likaitwa. Mama angeshukia Buffalo, mji wa mbali upande wa kaskazini mashariki, siku ya Jumapili alasiri, kwa kuwa huko ndiko alikoishi Bonheur, mdogo wake Esperance. Esperance aliposikia habari hiyo alikaa chini kwenye sakafu ya jikoni, mwiko mkononi, akacheka hadi machozi yakamtoka. Kisha akasema mbele ya mume na mtoto kwamba mama hatakanyaga nchi hii bila kumkuta yeye pale mlangoni pa uwanja wa ndege.

Tatizo likawa gari. Wiki zile gia zilikuwa zimeanza kusaga meno kila anapoziingiza. Birindwa akasema dawa yake ni ndogo, ambreyaje imelegea. Birindwa alikuwa mpakiaji katika ghala la mizigo, lakini zamani aliwahi kuosha magari kwenye gereji moja ya Bukavu, na tangu hapo alijihesabu fundi. Ijumaa jioni alitandika katoni nyuma ya nyumba, akafungua boneti, akashika spana, akawa anapiga mluzi. Alipomaliza alijipangusa mikono kwa madaha.

"Mama Chimène, kanyaga uone. Nimeikaza. Haitakusumbua mpaka Canada."

Esperance akakanyaga. Kweli gia ziliingia kama kisu kwenye siagi. Lakini pedali ilikuwa ngumu tangu juu kabisa, na gari lilianza kutembea mguu ukiwa karibu kuachia wote. Akasema, "Papa Chimène, inashika juu sana."

"Ni sababu imekuwa mpya," akajibu Birindwa. Esperance alikuwa na nguo za kukunja na sambusa za kukaanga, akaliacha jambo hapo.

Birindwa hakupata ruhusa kazini, na Chimène alikuwa na mtihani Jumatatu, kwa hiyo Jumamosi asubuhi Esperance akaondoka peke yake. Mpango ulikuwa kulala njiani, Columbus, kwa rafiki yake Veridiana, kisha Jumapili alfajiri amalizie safari. Alifungua dirisha, akaweka nyimbo za kwaya, akaimba sauti zote nne kwa zamu, hata besi.

Vilima vya kaskazini mwa Kentucky ndivyo vilivyomkatiza wimbo. Alitaka kulipita lori moja lililokuwa likijikokota, akakanyaga mafuta. Injini ikapiga kelele ya kupaa angani, na gari halikuongeza mwendo hata chembe. Lori likazidi kumwacha. Akaachia mafuta, kelele ikashuka. Akakanyaga tena, yakawa yaleyale. Kisha ikaingia harufu kama ya nywele zilizoshika moto.

"Bon," alijiambia kwa sauti. "Wewe unalia na hauendi. Kama nzige kwenye chupa."

Akaegesha kwenye kituo cha kupumzikia, akala sambusa mbili, akaliacha lipoe. Akaendelea polepole kwenye mkondo wa kulia, akikanyaga mafuta kwa unyayo mwepesi kama mtu anayepita karibu na mtoto aliyelala. Alifika Linden, mtaa wa Columbus alikoishi Veridiana, alasiri imeshakwenda lakini jua likiwa bado juu.

Veridiana alikuwa Mhaya wa Bukoba. Yeye na Esperance walifanya kazi pamoja kwenye nyumba ya wazee huko Louisville, wakawa wanalisha, wanaosha na kubadilisha mashuka bega kwa bega, mpaka mume wa Veridiana, Tarcisius, alipopata nafasi ya kusoma shahada ya juu Columbus wakahamia huko. Walikumbatiana pale barazani, wakaulizana habari za watu wote, kisha Veridiana akavuta pua.

"Dada Esperance, nini kinaungua?"

"Ni ambreyaje."

"Nini?"

"Ambreyaje! Ile pedale ya kushoto, ya kuingiza vitesi."

"Aah, klachi, ya kuingiza gia!" Veridiana akacheka. "Mwenzangu, nilidhani umeleta mboga ya Kikongo imeungulia njiani."

Tarcisius akatoka, akasikiliza kisa chote kwa utulivu. Alikuwa mpole, mrefu, na gari lake yeye mwenyewe lilijibadilishia gia bila kumshirikisha. "Shemeji, gereji zimefungwa sasa," akasema. "Jumatatu asubuhi nakupeleka kwa fundi mwaminifu kabisa."

"Jumatatu mama yangu atakuwa amelala Buffalo usiku muzima bila mimi. Aksanti, shemeji, lakini hapana."

Akampigia Birindwa. Birindwa alisikiliza, akauliza harufu ilikuwaje, kisha akatoa hukumu. "Donc, basi, imelegea tena. Ikaze kidogo."

Esperance akatazama simu, akawaza. Siku ambreyaje ilipokuwa imelegea, gia zilisaga meno lakini gari lilipanda vilima. Imekazwa jana, leo gari halipandi. Akasema tu, "Nimesikia, Papa Chimène. Kula, ugali iko kwenye sufuria," akakata.

Veridiana alikuwa ameshafungua kompyuta yake barazani na kutafuta video. Wakampata mzee wa Kimarekani mwenye kofia ya besiboli na ndevu nyeupe, amesimama mbele ya gari karibu sawa na lile, akiongea kama aliyejaza njugu mdomoni. Veridiana na Tarcisius, pamoja na Kiingereza chao cha darasani, walirudisha nyuma video ileile wakiulizana anasema nini. Esperance akaanza kucheka.

"Mimi nalisha wazee wa Kentucky kila siku, na wengi wanavua meno ndiyo waanze kuongea. Huyu anasema wazi kabisa. Anasema, sukuma pedale na mukono. Pale juu lazima icheze kwanza, upana wa kidole, bila kushika kitu. Kama haichezi, ambreyaje haipumziki. Ni sawa mutu unamukanyaga muguu kidogo-kidogo siku nzima."

Akaenda kwenye gari, akainama, akaisukuma pedali kwa kiganja. Haikucheza hata kidogo. Ilikuwa ngumu papo hapo, kabla mkono haujabisha hodi. Ndipo akaelewa. Waya unaotoka kwenye pedali kwenda kwenye klachi ulikuwa umevutwa mno, klachi ikawa imeachia kidogo muda wote, inateleza na kujiunguza kila anapokanyaga mafuta. Birindwa hakuwa amekosea ugonjwa. Alikuwa amezidisha dawa.

"Ni ya kulegeza," akatangaza. "Siyo ya kukaza."

"Na shemeji Birindwa?" akauliza Veridiana.

"Birindwa iko Louisville."

Hapakuwa na spana nyumbani isipokuwa za baiskeli ya Tarcisius, na moja ilikuwa ya kurekebisha mdomo. Esperance alifunga kitenge cha kazi juu ya suruali, akasubiri injini ipoe vizuri, akainamia ndani. Aliufuata ule waya kwa kidole, kutoka ukutani nyuma ya injini mpaka ulipoishia kwenye mkono mdogo wa chuma juu ya giaboksi. Mwishoni palikuwa na nati mbili zimebanana kama mapacha tumboni: moja ya kuvutia waya, nyingine ya kuizuia mwenzake isitembee. Ile ya kuzuia ilikataa. Alivuta hadi jasho likamchuruzika shingoni, akaomba kwa Kiswahili, akakemea kwa Kishi, lugha ya kwao, akavuta tena. Ikalia kidogo, ikaachia, na spana ikaruka ikatua kwenye majani.

Tarcisius akaiokota, akajitolea kukaa ndani ya gari. Kazi ikaendelea kwa kupokezana sauti.

"Shemeji, sukuma na mukono. Inacheza?"

"Haichezi!"

Anazungusha nati.

"Sasa?"

"Bado... ngoja. Kidogo. Kama unene wa sarafu."

Anazungusha tena. Majirani waliokuwa wakichoma nyama ng'ambo ya barabara waligeuza viti vyao ili waone vizuri. Baada ya muda Tarcisius akapaza sauti, "Kidole! Kidole kizima!" na wale majirani, ambao hawakujua neno hata moja, wakapiga makofi. Esperance akaishika nati ya kwanza isisogee, akaibana ile ya pili kwa nguvu zake zote.

Likabaki jaribio ambalo mzee wa video alilisisitiza. Esperance akaingia kwenye usukani, akavuta hendibreki mpaka mwisho, akawasha gari, akaingiza gia ya tatu bila kusikia kusaga kokote. Akaanza kuachia klachi polepole. Gari likatetemeka, likainamisha pua, likazimika.

"Maskini, umeliua!" Veridiana akashika kichwa.

"Kufa njo uzima wake!" Esperance akapiga usukani kwa furaha. "Kama ingeteleza, injini ingeendelea kuwaka. Imezimika sababu imeshika. Imeshika, Veridiana!"

Wakacheza pale pale uani, Esperance mikono imejaa grisi hadi kwenye viwiko. Walikula ndizi kwa nyama jioni ile, na Veridiana akamfungia nyingine za njiani.

Jumapili kabla jua halijachomoza alikuwa barabarani. Akafika kilima cha kwanza. Akakanyaga mafuta, mgongo ukabanwa kwenye kiti, na gari likapanda. Alilipita lori, akalipita na jingine ambalo hakuwa na haja ya kulipita. Baada ya Cleveland alianza kuliona ziwa Erie upande wa kushoto, maji yasiyo na ng'ambo, na nyimbo za kwaya zikarudi.

Kwenye uwanja wa ndege alimkuta Bonheur na wanawe wamevaa mashati ya kufanana. Abiria walipoanza kutoka, M'Bagula alionekana mwishoni, mdogo kuliko alivyokuwa, mfuko mweupe wa wakimbizi umebanwa kifuani, akiangalia ngazi za umeme kwa jicho la kutoziamini. Esperance hakumbuki alipitaje kati ya watu. Anakumbuka kwamba mama alimshika mikono, akaigeuza, akaona weusi uliobaki chini ya kucha.

"Wanakupa kazi gani huku, mwanangu?" akauliza mama kwa Kishi. "Walisema unatunza wazee."

"Natunza na gari, Mama."

Bonheur alikuwa na gari kubwa lenye viti vya ngozi, lakini M'Bagula alikwenda moja kwa moja kwenye lile dogo la rangi ya chai, akakaa mbele. Njia nzima mpaka Riverside, mtaa alikoishi Bonheur, hakutazama majengo. Alitazama miguu ya binti yake, jinsi mmoja ulivyopanda mwingine ukishuka, akawa anatikisa kichwa taratibu kwa kufuata.

Birindwa akapiga simu wakati wameshaketi mezani. Esperance akatoka nayo barazani, ambako upepo wa mto Niagara, mpaka wa Marekani na Canada, ulikuwa ukipuliza.

"Mama amefika?"

"Amefika. Anakula samaki. Na gari imefika."

"Uliikaza?"

Esperance akavuta pumzi. Angeweza kusema ndiyo, na maisha yakaendelea. "Hapana, Papa Chimène. Niliilegeza. Ulikuwa umeikaza sana, haikuwa na nafasi ya kucheza. Niliilegeza mimi mwenyewe, na spana ya baiskeli."

Akasikia televisheni ya kwao kule Shively, na Birindwa akikohoa bila kikohozi.

"Donc nilizidisha."

"Ulikaza kama mutu mwenye hataki bibi yake asafiri."

Birindwa akaanza kucheka, kwanza kidogo, halafu kwa ile sauti yake nene iliyokuwa ikiwaamsha majirani. "Labda njo vile," akasema. "Nyumba imekuwa kubwa sana leo. Nipe mama nimusalimie."

Ndani, M'Bagula alikuwa amemaliza samaki na anauliza yale maji yanayoonekana dirishani ni ziwa au ni mto, na wale watu wa ng'ambo ni wa nchi gani. Esperance akampa simu, akakaa karibu yake, akaanza kumchambulia samaki wa pili.